Siri ya Miezi Mitatu

Mwaka 1967 Kenya ilikuwa nchi ya kwanza kusini mwa Sahara kuanzisha mpango wa taifa wa uzazi. Tukisoma historia, ni kama tangazo la Nairobi lilifika Kimulot siku hiyo hiyo. Halikufika. Miaka kumi baadaye, utafiti wa 1977/78 ulikuta mama Mkenya anazaa wastani wa watoto 8. Kati ya wanawake 100 walioolewa, 7 tu ndio walikuwa wakipanga uzazi.

Kwani dawa hazikuwepo? Zilikuwepo, lakini kliniki ilikuwa mbali na kila mtu angekuona ukienda. Huku kwetu Bomet, mtoto alikuwa baraka ya Mungu, jina la ukoo, na mikono ya kuchuma majani chai. Ungemwambia nini mama mkwe?

Kilichobadilisha mambo ni miguu ya wanawake. Miaka ya 1980, Maendeleo ya Wanawake ilifundisha wanachama wake kupeleka vidonge na kondomu nyumba kwa nyumba. Hospitali ya misheni ya Tenwek nayo ikaanza kazi ya afya vijijini, ikitumia wenyeji. Hapo ndipo kazi iliposhika. Mama unayeimba naye kanisani hakuambii uache kuzaa. Anakuuliza huyu wa mgongoni ana miezi mingapi, na wewe umeshapata nguvu?

Halafu kuna sindano. Vidonge vinaweza kupatikana chini ya godoro, sindano haiachi kitu. Unampeleka mtoto chanjo, unadungwa, unarudi shambani, na kwa miezi 3 hakuna anayejua. Kwa miaka mingi ndiyo iliyokuwa njia inayotumika zaidi nchini. Nadhani siri hiyo ilichangia sana.

Lakini siri ina bei yake. Hedhi ikivurugika, utamuuliza nani? Dawa zikiisha kliniki, utalalamika wapi kuhusu kitu ambacho hukukiri kuwa unakitumia?

Kufikia utafiti wa 2022, wastani ulikuwa umeshuka hadi watoto 3.4. Kogo alizaa 9, mama yangu 4. Nilipomuuliza Kogo nini kilitokea katikati, alicheka. "Kuna mama alikuwa anapita hapa siku ya soko," akasema, kisha akaendelea kuchambua managu.

Nilimuuliza jina la huyo mama. Mpaka leo hajaniambia.