Tintin nchini Kongo

Hadithi ya katuni ya Mbelgiji Hergé, jina la kalamu la Georges Remi (1907–1983). Ilitoka kwa mfululizo 1930–1931 katika Le Petit Vingtième, toleo la watoto la gazeti la Kikatoliki la Brussels. Hergé hakuwahi kufika Kongo. Alitegemea makumbusho ya Tervuren na habari za wakoloni, akachora Wakongo wenye midomo ya kupindukia, wavivu, wanaomsujudia Tintin, kijana wa Kizungu, na hata mbwa wake.

Mwaka 1946 aliichora upya kwa rangi. Somo ambalo Tintin aliwafundisha watoto Wakongo kwamba Ubelgiji ndiyo nchi yao likageuzwa kuwa hesabu za kujumlisha. Sura za watu, ambazo ndizo kiini cha malalamiko kuhusu kitabu hiki, zikabaki karibu vilevile. Marekebisho hayo yalisafisha siasa, si dharau. Baadaye Hergé alikiri kwamba alikuwa amelishwa dhana potofu za tabaka lake.

Mwaka 2007 mwanafunzi Mkongo alifungua kesi Brussels akitaka kitabu kipigwe marufuku. Mahakama ilikataa ombi hilo mwaka 2012. Hata hivyo, huko Kinshasa wachongaji huwauzia watalii sanamu za Tintin.