Kanisa la Miti la Petäjävesi

Wako wengi wadhanio ya kuwa makanisa yote ya Ulaya ni ya mawe, yenye minara mirefu na vioo vya rangi. Sivyo. Katika nchi za kaskazini, penye misitu mingi, Wakristo wa mashambani walimjengea Mungu nyumba kwa miti, kama walivyojijengea nyumba zao wenyewe. Twataka kueleza habari za kanisa moja la namna hiyo, kwa kuwa habari zake zatuhusu na sisi.

Kanisa hilo liko Petäjävesi, katika nchi ya Ufini, upande wa magharibi wa mji wa Jyväskylä. Katika karne ya 18 Ufini ilikuwa chini ya mfalme wa Uswidi, na dini ya nchi ilikuwa ya Kilutheri. Watu wa Petäjävesi walikuwa wakulima, nao walihesabiwa katika usharika wa Jämsä. Lakini kanisa la Jämsä lilikuwa mbali. Basi wakaazimu kuwa na kanisa lao. Wakachagua rasi, mahali maziwa mawili yanapokutana, kwa ajili ya njia: wakati wa joto watu waje kwa mashua, na wakati wa baridi, maji yakiisha kuganda, wapite juu ya barafu.

Kazi ilianza mwaka 1763 ikaisha mwaka 1765. Msimamizi wake alikuwa fundi seremala, Jaakko Klemetinpoika Leppänen. Walitumia magogo ya misonobari, wakayalaza moja juu ya jingine, na penye pembe wakayachonga mapengo hata yakaumana, gogo kwa gogo. Umbo la kanisa ni la msalaba wenye mikono iliyo sawasawa, na katikati, mikono inapokutana, pana kuba la pande nane. Dari za namna hii zilibuniwa na waashi wa mawe katika miji mikubwa ya Ulaya. Wakulima hawa wakazifanya kwa mbao, kwa ustadi waliourithi kwa baba zao. Ndani, kuta hazikupakwa rangi. Mti waonekana jinsi ulivyo. Mimbari imechongwa kwa mkono, na chini yake pana sanamu ya Mtakatifu Kristofa, yule asimuliwaye kwamba alimvusha mtoto Yesu mtoni, naye aichukua mimbari hiyo.

Mwaka 1809 Ufini ilitoka mikononi mwa Uswidi ikawa chini ya mfalme wa Urusi. Mwaka 1821 kanisa likaongezwa mnara wa kengele, na fundi wake alikuwa Erkki Leppänen, mjukuu wa yule Jaakko. Dola ilikuwa imebadilika, lakini kazi ya mikono ilikuwa ingali katika jamaa ile ile.

Lakini mwaka 1879 usharika ulijenga kanisa jipya ng'ambo ya maji, na lile la kale likaachwa. Mnara wake uliendelea kutumika, na makaburi pia. Nyumba yenyewe ikabaki kimya. Hapa ndipo penye jambo la kufikiriwa. Makanisa mengi ya miti yaliyoendelea kutumiwa yalibadilishwa kidogo kidogo: yakatiwa majiko ya kuota moto, yakapakwa rangi, yakapanuliwa. La Petäjävesi halikuguswa, kwa kuwa hakuna aliyelihitaji. Kuachwa kwake kulilihifadhi. Lakini kuachwa huko huko kungaliweza kuliangamiza, maana paa likivuja na pasiwe wa kuliziba, mti huoza.

Katika miaka ya 1920 Josef Strzygowski, mtaalamu wa Austria wa historia ya sanaa, alilisifu sana kanisa hili, na baadaye likatengenezwa. Mwaka 1994 likaandikwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa ulimwengu. Halina moto wa kulipasha, kwa hiyo ibada hufanywa humo wakati wa joto.

Na sisi je? Makanisa yetu ya kwanza, mahali pengi, yalikuwa ya miti na udongo. Usharika ukiisha kupata matofali na mabati, lile la kale hubomolewa, na nguzo zake zikawa kuni. Hatusemi ya kuwa ni vibaya kujenga jipya. Watu wa Petäjävesi nao walijenga. Wala si kila nyumba ya kale yaweza kudumu, kwa kuwa mchwa hawana huruma. Lakini jambo moja laweza kufanywa na kila usharika: kuandika. Jina la Jaakko Leppänen lajulikana hata leo, zaidi ya miaka 250 baada ya kazi yake. Je, ni nani aliyekata nguzo za kanisa letu la kwanza? Ni akina nani waliokanyaga udongo, na akina mama gani walioteka maji? Wazee wanaojua wangalipo katika sharika nyingine, lakini si wengi. Walimu na tuwaendee wazee hao na daftari, wangali hai.