Upekuzi wa Abiria na Sitara ya Mtu

UPEKUZI WA ABIRIA ni ukaguzi wa mwili na mizigo ya msafiri kabla hajapanda ndege, nao aghalabu hugongana na sitara, yaani haki ya mtu ya kutofunuliwa yaliyo yake mbele ya wasiohusika. Mtu wa Mwera, wilayani Pangani, aliyezoea kuvuka mto kwa pantoni pasipo kuulizwa alichotia katika kikapu chake cha ukili, hulijua jambo hili siku anapokwenda kiwanjani kupanda ndege, akaambiwa avue kofia, mshipi na viatu, na hirizi iliyoshonewa ngozi, ambayo pengine hata mkewe hajapata kuishika, ikalazwa juu ya meza hadharani.

Ukali huu hauna asili ya ughaibuni peke yake. Mataifa yalikwisha kuafikiana mwaka 1974, katika Kiambatisho cha 17 cha Mkataba wa Chicago, juu ya kanuni za usalama wa safari za anga. Lakini Tanzania ilionjeshwa hatari yenyewe mwezi Februari 1982, pale Boeing 737 ya Shirika la Ndege, iliyotoka Mwanza kwenda Dar es Salaam, ilipotekwa na vijana waliotaka Mwalimu Nyerere ajiuzulu, ikapitishwa Nairobi, Jeddah na Athens hata ikatua Stansted, Uingereza, ambako watekaji walisalimu amri, na silaha zao nyingi zikabainika kuwa za bandia.

Ibara ya 16 ya Katiba huhifadhi nafsi ya mtu na maisha yake ya faragha, ilhali papo hapo huiachia Serikali kuweka utaratibu wa kisheria wa kuiingilia haki hiyo. Kwa hiyo shauri haliko katika kupekuliwa au kutopekuliwa, bali katika namna. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 imepanua shauri hilo hata kwa alama za vidole, ambazo, tofauti na hirizi, mwenyewe harudishiwi mkononi. Marekani nako, mashine zilizomwonyesha abiria kana kwamba yu uchi ziliondolewa viwanjani mwaka 2013.

Huku pwani neno zito ni lile la zamani: mwanamke apekuliwe na mwanamke mwenziwe, faraghani. Bibi akiombwa avue ushungi, huuliza kwanza ni nani aliye nyuma ya pazia.