Kalinzi Mbele ya Tribinali: Shamba la Mababu ni la Nani?

Tukiwauliza wanafunzi wetu maana ya neno kalinzi, wengi wanacheka, wanasema ni mambo ya wazee. Lakini likizo kubwa ikifika, haohao wanakuja kutuambia kwamba baba na baba mdogo wako tribinali juu ya shamba. Kesi nyingi za hapa Bushi, toka Kabare mpaka Walungu, zina mzizi katika neno hilo wanalolicheka.

Zamani Mushi hakununua udongo. Udongo ulikuwa wa mwami, na machifu walio chini yake waliugawa. Mtu aliyetaka mahali pa kujenga na kupanda migomba alileta ng'ombe, ao mbuzi kama hakuwa na ng'ombe, mbele ya mashahidi. Hiyo ndiyo kalinzi. Toka siku ile shamba lilikuwa lake, la watoto wake na wajukuu wake, na mwami hakuweza kulinyang'anya ovyo, isipokuwa mtu amemuasi. Asiye na mifugo alipata bwasa tu, yaani shamba la muda mfupi, ambalo alililipia kwa kazi ao kwa sehemu ya mavuno. Ndani ya bwasa kupanda mgomba kulikatazwa, sababu mgomba unakaa miaka mingi na unamfanya mtu kuwa mwenyeji.

Baba alipokufa, mrithi ndiye aliyeshika kalinzi. Hapa tusikosee. Mrithi hakuwa mwenye mali kama vile mwenye duka. Alishika kwa ajili ya ndugu zake, waliopo na watakaozaliwa, na makaburi yalikuwa humohumo shambani. Kuuza hakukuwa katika desturi. Mauzo, yanayoitwa bugule, yaliingia wakati wa ukoloni, franka ilipoanza kutembea vijijini.

Leta nayo ilikuwa na hesabu yake. Tarehe 1 Julai 1885, serikali ya mfalme Leopold II ilitangaza kwamba ardhi tupu ni mali yake. Lakini kilima kilichopumzishwa, ao malisho ya ng'ombe, mwenyeji hakukiita kitu tupu. Toka mwaka wa 1928, Comité National du Kivu iligawa milima kwa wazungu wa mashamba, na chai na kinini vikapandwa. Mwaka wa 1966, sheria iitwayo Bakajika ilirudishia Leta haki zote juu ya ardhi iliyotolewa mbele ya uhuru. Iliirudishia Leta, si familia.

Halafu ikaja sheria ya tarehe 20 Julai 1973. Kifungu cha 53 kinasema udongo ni mali ya Leta peke yake. Kifungu cha 387 kikaongeza kwamba hata ardhi wanamokaa wenyeji, wanayoilima kufuatana na desturi, imekuwa ya Leta. Na haki zao je? Kifungu cha 389 kiliahidi kwamba ordonansi ya Rais itazipanga. Miaka makumi ilipita bila ordonansi hiyo kutoka. Kwa maoni yetu, kesi nyingi zilizaliwa ndani ya shimo hilo. Watu waliendelea kupeana kalinzi na bugule, machifu waliendelea kupokea ng'ombe, lakini mbele ya jaji haki juu ya shamba inaonyeshwa na sertifika ya kadastri.

Familia moja ya Walungu ilituita tuisomee hukumu, sababu iliandikwa Kifaransa. Mrithi alikuwa ameuza upande wa kilima kwa mchuuzi wa Bukavu, ndugu zake bila kujua. Mchuuzi alikwenda kadastri, akapata sertifika, akanyamaza. Alipoleta watu wa kung'oa migomba, miaka mitatu ilikuwa imepita. Korti ya shefferi iliwapa ndugu haki, kwa kuwa mashahidi wa kalinzi walikuwa bado hai. Tribinali ikampa mchuuzi, kwa kuwa kifungu cha 227 kinasema sertifika ikipita miaka miwili haishambuliwi tena. Tulilisoma neno hilo, inattaquable, tukatafuta namna ya kulisema. Tukasema: "Haiguswi tena." Mzee mmoja akauliza: "Na kaburi la baba?" Hukumu haikutaja kaburi.

Lakini tusiwatetee wazee kwa yote. Kalinzi haikumhesabu mwanamke. Binti alilima shamba la baba, kisha la mume, na mume akifa alibaki kwa huruma ya shemeji. Sheria ya familia ya tarehe 1 Agosti 1987 inaweka watoto wote wa marehemu, wavulana na wasichana, katika kundi moja la warithi. Katika familia ile tuliuliza kama dada wawili walioolewa waliitwa kwenye kikao. Wakatuangalia kama watu waliopotea njia. Mmoja wao njo aliyemtunza mzee mpaka kifo!

Katiba ya mwaka wa 2006, kifungu cha 34, inalinda mali ya mtu mmoja na mali ya wengi pamoja, iliyopatikana kwa sheria ao kwa desturi. Neno "desturi" limo. Tena sheria ileile ya 1973 inadai anketi ifanyike kijijini mbele ya ardhi ya mashambani kutolewa, na wenye malalamiko wasikilizwe. Kifungu cha 204 kinasema kontra iliyofanywa kinyume cha sheria ni bure. Tuliwauliza: "Nani aliona anketi hiyo?" Hakuna aliyeinua mkono.

Basi wakakata rufaa juu ya anketi, wakaacha maneno ya ng'ombe. Avoka aliandika barua, sisi tukaitafsiri jioni ile. Safari hii dada wawili nao walitia vidole.