Mstari wa Tisa

Sehemu ya Nne

ILIPOISHIA: Baada ya arobaini ya Babu, sanduku lake la bati lilifunguliwa nyumbani Mtoni Kijichi. Hati ya kiwanja haikuwemo. Kulikuwa na miwani ya kupigia mbizi na daftari lenye namba tupu. Baba Mdogo akashikilia kwamba namba zile ni hatua za kupimia mpaka, akaapa kuleta mafundi wachimbe ua wote. Mwanaidi akalificha daftari ndani ya kanga, akapanda daladala hadi Tandika kwa mwalimu wake wa tuisheni.

SASA ENDELEA...

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, mwanangu. Mbona unahema hivyo?"

Mwanaidi hakujibu. Alilifungua daftari juu ya meza. Kushoto: 10, 20, 30, mpaka 80. Kulia: 8, 15½, 22½, 29, 35, 40½, 45½, 50. Chini kabisa ulikuwepo mstari mmoja zaidi, wa tisa.

Mwalimu alizisoma mara mbili, akaingia ndani, akarudi na bakuli na jagi la maji. Akaweka sarafu ya shilingi mia mbili katikati ya bakuli.

"Rudi nyuma taratibu. Sarafu ikijificha nyuma ya ukingo, simama hapohapo."

Ikajificha. Mwanaidi akasimama. Mwalimu akamimina maji polepole, na ile sarafu, bila kuguswa na mtu, ikachomoza.

"Nuru ikitoka majini kuingia hewani hupinda," Mwalimu alisema. "Jicho halina habari hiyo. Linaamini nuru imekuja moja kwa moja, basi linaiona sarafu juu kuliko ilipo. Jaribio hili aliliandika Ptolemy, kule Alexandria, Misri, katika karne ya 2. Ndiye huyohuyo aliyeitaja Rhapta, bandari ya pwani yetu hii, katika kitabu chake cha jiografia. Hakuridhika na kushangaa. Alichukua sahani ya shaba, akaigawa kwa nyuzi, akaizamisha nusu majini, akapima. Nyuzi 50 hewani zikawa 35 majini. Nyuzi 60 zikawa 40 na nusu. Mwanaidi, hizi namba za babu yako ndizo zile."

"Kwa hiyo si hatua za kiwanja?"

"Si hatua."

Sauti yake ilitetemeka, na msomaji ana haki ya kujua kwa nini. Kitabu cha Ptolemy chenye vipimo hivi vya nuru kilinusurika kwa tundu la sindano: Kigiriki chake cha asili kimepotea, tafsiri yake ya Kiarabu nayo imepotea, na kilichobaki ni tafsiri ya Kilatini ya karne ya 12. Ibn Sahl wa Baghdad alipofikia kanuni kamili ya kupinda kwa nuru, mnamo mwaka 984, kurasa zake zilitawanyika, nyingine zikaishia Damascus, nyingine Tehran. Ulaya ikampa sifa Snell wa Uholanzi, aliyeifikia mwaka 1621, wakati Ibn Sahl amelala kimya katika maktaba mbili. Mwanahistoria wa sayansi Roshdi Rashed ndiye aliyeziunganisha kurasa hizo na kuutangazia ulimwengu mwaka 1990. Na sasa namba za Ptolemy zilikuwa mezani Tandika, kwa mwandiko wa mzee aliyekuwa mpiga mbizi wa bandari.

"Babu alizitoa wapi?" Mwanaidi aliuliza.

"Ngoja kwanza. Tazama upande wa kulia. Kutoka 8 kwenda 15½ kuna ongezeko la 7½. Linalofuata ni 7, kisha 6½, kisha 6. Kila ongezeko linapungua kwa nusu, bila kukosea hata mara moja. Vipimo vya mkono haviwi safi namna hiyo. Ptolemy alipima, kisha akazinyoosha namba zake zikae kwenye mpango. Angeendelea hadi 90 kwa mpango huohuo, angeandika 54."

Kidole chake kikateremka hadi mstari wa tisa. *90 — 48½*.

"Hii haikunakiliwa, mwanangu. Hii imepimwa, na ni sahihi. Aliyezama akatazama juu huiona mbingu yote imeingia katika duara moja, na ukingo wa duara hilo uko nyuzi 48 na nusu kutoka utosini. Nje ya duara, uso wa maji hugeuka kioo. Unaonyesha vilivyo chini tu."

Mwanaidi alisimama ghafla. Kisima! Kile cha zege uani, cha kuhifadhia maji ya mvua. Babu hakumruhusu fundi yeyote akisafishe. Kila mwaka aliingia mwenyewe, amevaa miwani, na kukaa humo kuliko kazi ya kusugua inavyohitaji.

"Mwanaidi! Usiingie peke yako!" Mwalimu aliita, lakini bajaji ilikwisha ondoka.

Nyumbani hapakuwa na mtu. Baba Mdogo alikuwa Mbagala Rangi Tatu kutafuta mafundi. Mwanaidi akafunga geti kwa komeo la ndani, akasukuma kifuniko cha zege pembeni, akavaa miwani ya Babu na kushuka ngazi ya chuma. Maji yalimfika kidevuni. Akavuta pumzi, akazama, akachuchumaa sakafuni na kutazama juu.

Duara lilikuwepo, angavu, na jua la saa kumi ndani yake. Akageuza macho kwenye kona ya mbali, huko ambako uso wa maji ulikuwa kioo. Humo akaona kizingiti cha zege kilichojitokeza ukutani, na juu ya kizingiti, mahali ambapo mtu aliye mlangoni mwa kisima asingepaona wala aliye sakafuni, limefungwa kwa nyaya bomba la plastiki lililozibwa ncha zote mbili.

Alipolinyooshea mkono, mwanga ukapungua. Akatazama juu. Duara lilikuwa linamegwa upande mmoja, kidogo kidogo, na zege lilikuwa linakwaruza juu ya zege. Mtu alikuwa anakirudisha kifuniko.

ITAENDELEA JUMAMOSI IJAYO