Mnara na Msonge: Historia Fupi ya KICC

Kati ya City Hall Way na Harambee Avenue, jirani na Bunge na Mahakama ya Juu, yamesimama majengo mawili ambayo Wanairobi huyaita kwa jina moja: KICC, yaani Kituo cha Mikutano cha Kimataifa cha Kenyatta. La kwanza ni mnara wa ghorofa 28, urefu wa mita 105, uliovikwa kichwani sahani pana ya zege. La pili ni fupi, limechuchumaa miguuni pa mnara, na paa lake limechongoka kama la msonge. Wengine hulifananisha na ua la yungiyungi lililofumba. Mimi nauona msonge, na sijawahi kuona kitu kingine.

Wapiga picha hukimbilia mnara. Lakini ukiukata msonge ule katika picha, mnara unabaki kuwa jengo refu la miaka yake, ambalo lingeweza kusimama katika miji mingi. Ni lile dogo linalolipa lile kubwa kwao. Mwenye kusimama uani huona mambo mawili kwa mara moja: nyumba ambayo bibi zetu wangeitambua bila kuambiwa, na nyumba ambayo hawakuwahi kuiota, na zote mbili zina rangi moja ya chungu kilichotoka tanuruni. Rangi hiyo iko karibu sana na udongo mwekundu unaokutana nao ukitoka Nairobi kuelekea Kiambu.

Wachoraji walikuwa wawili. Karl Henrik Nøstvik, Mnorwe, alifika Kenya katikati ya miaka ya 1960 akiwa mmoja wa wataalamu waliotumwa na nchi yake kusaidia taifa jipya. David Mutiso alikuwa Mwafrika wa kwanza kuwa msanifu mkuu wa majengo wa serikali ya Kenya. Majarida ya nje yakilieleza jengo hili, aghalabu humtaja Nøstvik na kunyamaza. Hilo si haki. Kazi ilitoka katika ofisi ya serikali aliyoiongoza Mutiso, na jengo ni lao wote wawili.

Ujenzi ulianza 1967. Wakati huo KICC haikuwa KICC. Kilichotakiwa kilikuwa makao makuu ya chama tawala, KANU, na mpango wa mwanzo ulikuwa mdogo kuliko tunachokiona leo. Mchoro ukakua, ghorofa zikaongezeka. Kisha likaja jambo lililobadilisha kila kitu: Benki ya Dunia na Shirika la Fedha la Kimataifa zilikubali kufanyia mkutano wao wa mwaka 1973 Nairobi, mara ya kwanza katika bara la Afrika. Wageni kutoka kila pembe ya dunia wangekaa wapi? Nyumba ya chama ikalazimika kuwa nyumba ya mikutano, ikapewa kumbi kubwa zinazoweza kubeba maelfu ya watu.

Ilikamilika kwa wakati. Septemba 1973 Rais Jomo Kenyatta aliifungua, na mwezi huohuo Robert McNamara, rais wa Benki ya Dunia, alisimama humo kutoa hotuba iliyoelekeza fedha za benki hiyo kwa wakulima wadogo na kwa watu wanaoishi katika ufukara uliokithiri. Wanauchumi bado huiita hotuba ya Nairobi.

Mwaka huohuo alipatikana mpangaji mwingine mzito. Umoja wa Mataifa ulikuwa umeamua Desemba 1972 kwamba shirika lake jipya la mazingira, UNEP, liwe na makao Nairobi. Lilianzia kazi katika ofisi za KICC kabla ya kuhamia Gigiri. Miaka hamsini baadaye, Septemba 2023, viongozi wa Afrika walirudi katika kumbi hizohizo kwa mkutano wa kwanza wa bara kuhusu tabianchi.

Katikati ya safari hiyo nauchagua Julai 1985. Mkutano wa Umoja wa Mataifa wa kufunga Muongo wa Wanawake ulifanyika KICC, na aliyechaguliwa kuuongoza alikuwa Margaret Kenyatta, aliyewahi kuwa meya wa Nairobi. Binti akashika kiti katika nyumba yenye jina la baba yake, mbele ya wajumbe wa dunia nzima.

Lakini nyumba ilikuwa ya nani? Kwa miaka mingi swali hilo halikuulizwa kwa sauti. Chama kilikuwa serikali, na serikali ilikuwa chama, hivyo mwananchi aliyepita nje hakuwa na sababu ya kutofautisha. KANU iliposhindwa uchaguzi wa Desemba 2002, swali likaja lenyewe. Mwanzoni mwa 2003 serikali mpya ililitwaa jengo hilo na kulirudisha mikononi mwa umma, kwa hoja kwamba lilijengwa kwa fedha za umma. Nadhani hiyo ndiyo siku jengo lilipozaliwa mara ya pili.

Kuwa mali ya umma kuna uchungu wake pia. Desemba 2007 kura za urais zilijumlishwa humo. Ukumbi ulijaa mawakala, wanahabari na askari, kelele zikawa nyingi kuliko hesabu. Tarehe 30 mwenyekiti wa tume ya uchaguzi, Samuel Kivuitu, alimtangaza mshindi katika chumba kingine, mbele ya kamera za shirika la utangazaji la serikali, KBC, peke yake. Ghasia zilizofuata ziliua zaidi ya watu 1,100. Historia ya jengo hili ikisimuliwa kwa wageni, habari hiyo isirukwe.

Kwa urefu, KICC ilipitwa zamani. Times Tower iliipita karibu na mwaka 2000, na leo kule Upper Hill kuna minara inayoitazama kutoka juu. Bado ukipanda hadi kwenye paa lake asubuhi isiyo na mawingu, unauona Mlima Kenya upande mmoja, na upande mwingine mbuga ya wanyama inayoanzia pale mji unapokoma. Chini uani, Mzee Kenyatta wa shaba, kazi ya mchongaji Mwingereza James Butler, ameketi kitini kama mwenye nyumba.

Sanamu hiyo ilifikishwa hadi mahakamani. Katiba ya 2010 inakataza sura ya mtu yeyote kuwekwa kwenye pesa za Kenya, kwa hiyo noti mpya za 2019 zilipambwa kwa picha ya KICC. Mwanaharakati Okiya Omtatah alishtaki, akisema Mzee bado anaonekana pale mbele ya mnara. Mahakama Kuu ilitupilia mbali kesi hiyo, na noti zikaendelea kutumika: ya 50, ya 100, ya 200, ya 500 na ya 1,000. Jioni mama muuzaji wa soko la Gikomba akihesabu mauzo, mnara ule unapita kidoleni mwake mara mia, hata kama hajawahi kuingia ndani.