Cindy Walker: mwanamke aliyetunga "Distant Drums" ya Jim Reeves

Kipindi cha nyimbo za zamani hakipiti bila mtu kuomba Jim Reeves, na wengi huomba "Distant Drums". Redioni hutajwa mwimbaji, basi. Aliyeutunga wimbo huo ni mwanamke wa Texas, Marekani, aitwaye Cindy Walker.

Alizaliwa Mart, mji mdogo. Babu yake mzaa mama, F. L. Eiland, alikuwa mtunzi wa nyimbo za kanisani. Mama yake, Oree, alipiga piano, na baba yake alikuwa mnunuzi wa pamba. Mwaka 1940 baba alikwenda Los Angeles kikazi akiwa na mkewe na binti yao. Wakiwa barabarani Cindy akaona jengo lenye jina la Crosby, akamwambia baba asimamishe gari. Akaingia kumtafuta Bing Crosby, mmoja wa waimbaji wakubwa kabisa wa Marekani wakati huo. Aliyempata ni Larry, nduguye Bing. Binti hakuwa na mtu wa kumtambulisha. Mama alipiga piano, yeye akaimba. Wimbo huo, "Lone Star Trail", Bing akaurekodi.

Baada ya hapo kazi zilikuja. Bob Wills, mwanamuziki aliyecheza pia katika filamu za wachunga ng'ombe, alimpa kazi ya kutunga nyimbo za filamu zake, na kwa miaka mingi bendi yake ilirekodi nyimbo za Cindy zaidi ya 50. Mwenyewe pia aliimba. Ajabu ni kwamba wimbo uliompa umaarufu kama mwimbaji, mwaka 1944, ulitungwa na watu wengine! Akaona nafasi yake ni kwenye kalamu.

Miaka ya 1950 alirudi Texas, akaishi na mama yake mji wa Mexia. Aliamka kabla ya mapambazuko, akakaa kwenye taipureta yake. Wimbo ukipatikana, mama alikaa kwenye piano kuutafutia muziki. Kila mwaka walikaa kwa muda Nashville, mji wa biashara ya muziki wa country, wakiuza nyimbo.

Mwaka 1955 mwimbaji Eddy Arnold alimpa wazo na jina la wimbo: mwanamume anampenda rafiki yake kwa siri, hathubutu kusema. Cindy akaandika "You Don't Know Me", na wote wawili wakaandikwa kuwa watunzi. Mwaka 1962 Ray Charles akauimba kwa namna yake, ukafika namba 2 Marekani.

Hapo kuna jambo la pesa ambalo wasanii wetu chipukizi wangefaa kulijua. Marekani, redio za kawaida zikipiga wimbo hulipia haki za mtunzi na mchapishaji. Mwimbaji hapati kitu kwa kupigwa huko. Kwa hiyo Ray Charles alipopigwa redioni, waliolipwa ni Cindy, Arnold na mchapishaji wao. Asiyeandikwa jina kwenye utunzi hukosa fungu hilo, hata kama sauti yake inajulikana kila kijiji. Kwenye santuri, jina la mtunzi huwa chini ya jina la wimbo, kwa herufi ndogo. Ukiwa nayo ya mzee nyumbani, itazame.

Turudi kwa Reeves. Alifariki katika ajali ya ndege Julai 1964, akiacha rekodi ya "Distant Drums" ambayo haikuwa imetoka. Muziki wa okestra ukaongezwa juu ya sauti yake, na mwaka 1966 wimbo ukakaa namba moja Uingereza wiki 5. Ni maneno ya askari anayemwomba mpenzi wake wafunge ndoa upesi kabla hajaitwa vitani. Wengi waliuskia huku wakijua mwimbaji hayupo tena, na naamini hilo liliwagusa zaidi.

Mwaka 1997 Cindy aliingizwa katika Ukumbi wa Heshima wa Muziki wa Country. Machi 2006 Willie Nelson alitoa albamu nzima ya nyimbo zake, yenye jina lake kwenye jalada. Siku 9 baadaye, Machi 23, Cindy akafariki Mexia.